Krismasi ya Tarehe Tisa

Kwetu Krismasi ilichelewa kila mwaka,
kama mgeni aliyekosa treni Oldenburg
akalala stesheni, kichwa juu ya mzigo.

Usiku ule watu wanapofunga milango na kuwasha mishumaa
Mama Gesche yumo bado ndani ya kibanda cha tiketi,
glavu kazikata ncha ili vidole vihesabu sarafu.
Baba Tjark anapaka grisi vyuma vya farasi wa mbao,
na Baba Onno
(ndiyo, nilikuwa na baba wawili,
mmoja wa nyaya na injini, mmoja wa lozi na porojo,
na mama aliyewapenda wote wawili bila kupiga kura)
Baba Onno anakaanga lozi kwenye sukari
mpaka koti, ndevu, hata usingizi wake
vinanukia mdalasini hadi mwezi wa tatu.

Tuliuza furaha kwa mzunguko:
dakika tatu, yuro mbili, shika farasi vizuri.

Shule yangu ya saba, mwalimu akauliza,
"Wiebke, Krismasi umepata nini?"
Nikasema baiskeli. Nyekundu. Yenye kengele.
Ningemwambiaje kwamba bado haijafika,
kwamba kalenda yetu husubiri kwanza
soko lifungwe, barafu ilegee, lori likubali kuwaka?

Ikipita sikukuu ya Wafalme Watatu, taa zinazimwa.
Farasi ishirini na wanne tunawavika mablanketi
mmoja mmoja, kama watoto waliosinzia safarini.
Kijivu, aliyevunjika sikio, nilimfunga mimi, wa mwisho.
Mafundo yangu yalikuwa mabaya.
Hakuna aliyeyafungua.

Kisha Leer, uwanja wa nyuma ya kiwanda cha matofali,
karavani nne kwa duara, migongo tumeupa upepo.
Hapo ndipo Krismasi. Tarehe tisa Januari.

Mti hatukununua hata siku moja.
Wiki hiyo mji mzima hutupa misonobari yake kando ya njia,
nasi tunapita polepole na lori,
Mama akinyoosha kidole kama mnunuzi wa ng'ombe:
"Huyo kakonda. Yule kapinda mgongo. Simama! Huyu."
Na kila mti ulikuja na kitu kilichosahauliwa:
ndege wa kioo asiye na mkia,
nyota ya mabua,
soksi moja ya mtoto mchanga,
na mwaka fulani kikaratasi, herufi kubwa za penseli:
BABU ARUDI.
Hatukucheka. Baba Onno alikitundika kileleni,
mahali pa malaika,
na kila Januari kilirudi pale pale,
kikizidi kuwa cha manjano.

Chai ya huko haikorogwi.
Unatia jiwe la sukari, unamimina, linalia kama barafu ya dimbwi,
krimu unaidondosha ukingoni ijifanyie wingu,
unaanza na uchungu.
"Weka kijiko chini," Mama ananichapa kiganja kwa upole,
"utamu uko huko chini, haukimbii."
Mababa wanabishana nani kamaliza haradali.
Theluji inaketi juu ya paa letu la bati jembamba
nasi tunaisikia ikiketi.

Baiskeli ilikuja, nilipotimiza miaka kumi.
Ya kijani. Haina kengele.
Niliizungusha uani mpaka giza, duara baada ya duara,
maana kwenda moja kwa moja sikujua.

Sasa naishi Kassel, ghorofa ya tatu,
kuta zisizopata kusafiri.
Mume wangu anapenda kila jambo lije kwa tarehe yake,
na tarehe ishirini na nne mimi hula, huimba, hushukuru,
wala siigizi.
Lakini Januari, tunapoushusha mti ngazini,
yeye mbele na shina, mimi nyuma na kilele,
sindano zikimwagika hadi mlangoni kwa jirani,
huacha kitu kimoja ndani kabisa ya matawi.
Mwaka huu, kengele.